Shati Kwenye Kifuniko

"Mifupa ilikuwa kule nyuma," daktari wa maiti alisema. "Vifungo vilikuwa hapa."

Alimulika sakafu ya tangi kwa tochi, chini kabisa ya tundu la kuingilia. Inspekta alipiga magoti kwenye kutu. Sketi yake ya sare ilikuwa imekwisha kuchafuka, kwa hiyo hakuwa na cha kuhofia. Tangi la behewa lile lilikuwa na vyumba viwili vilivyotengwa kwa ukuta wa chuma, na chini ya ukuta palikuwa na upenyo wa mtu kutambaa. Aliyekuwa chumba cha nyuma alipaswa kupenya pale, asimame, apande ngazi na kutokea juu, kwenye tundu lenye kifuniko. Njia nyingine haikuwepo.

"Vifungo vya suruali?"

"Vya suruali nilivikuta kiunoni, mahali pake. Hivi ni vya shati. Vyote chungu moja, pamoja na kipande cha kola."

"Kwa hiyo alikufa kifua wazi."

"Mimi nasoma mifupa, Inspekta. Mashati nakuachia wewe."

Walipanda nje. Uwanja wa kiwanda ulikuwa kimya, maana kiwanda kilikuwa kimeuzwa na mafundi walikuwa wanasubiri kuambiwa nani abaki na nani aende. Behewa lile lilikuwa la kwanza kutengenezwa hapo. Halikuwahi kubeba hata tone la mafuta. Siku chache baada ya kukamilika lilipandishwa juu ya jukwaa la saruji langoni liwe pambo, na kwa zaidi ya miaka thelathini wafanyakazi walipita chini yake wakienda kazini na wakirudi. Wenye mali wapya hawakutaka mapambo. Winchi ilipoliinua, kitu kizito kikabingirika ndani. Walifungua boliti wakidhani ni jiwe. Kilikuwa chuma cha mzuiaji, fundi anayefanya kazi ndani ya tangi, kimechongwa alama ya kobe kwenye mpini, na mwenye chuma alikuwa nyuma ya ukuta.

Alama ile ilimaliza swali la jina. Kila fundi alichonga alama yake kwenye kifaa chake, na kobe ilikuwa ya mtu mmoja tu. Walimwita Kobe kwa sababu alikuwa mfupi na kazi yake ilikuwa kuingia kwenye magamba ya chuma. Siku moja hakurudi nyumbani. Kiwanda kilisema ametoroka na mwanamke, mtaa ukaongeza rangi ya nywele za huyo mwanamke, na mkewe akabaki na jina la mke wa mtoro.

Simu ya Inspekta ililia kabla hajamaliza kujifuta kutu. Alikuwa Mkuu wa kituo.

"Kesho asubuhi yule Mzee Radi tuliyemkamata anapandishwa kizimbani," Mkuu alisema. "Sitaki kuongezewa siku. Kikulacho ki nguoni mwako, Inspekta. Rafiki kafa, rafiki kaoa mke wa rafiki. Halafu msimamizi wao wa zamani anasema alimwona anarudi kwenye behewa jioni ile ile, kasimama, kaweka kiganja kwenye tangi, kaondoka. Unataka nini tena, akuchoree picha?"

"Nataka kujua shati lilifikaje pale."

"Shati gani?"

"Ndilo ninalolitafuta, afande."

Mkuu alikata simu. Inspekta hakuona ubaya. Angekuwa yeye Mkuu, angeikata mapema zaidi.

*

Kwenye benchi la korido ya kituo alikuwa amekaa binti wa Kobe. Hakuwa binti tena, alikuwa mwanamke wa makamo, fundi wa kushona viti vya mabehewa katika kiwanda kile kile, vidole vyake vimechakaa kwa sindano. Baba aliyemlea alikuwa ndani, mahabusu. Baba aliyemzaa alikuwa kwenye boksi, kwa daktari.

"Umekula?" Inspekta alimuuliza.

"Sijui. Nadhani."

"Nenda nyumbani, dada. Nitakuita."

"Watu wananiuliza najisikiaje," mwanamke alisema, akitazama ukuta. "Sijisikii. Kama mkono ulioulalia. Mimi nataka kitu kimoja tu. Kama ni yeye aliyemuua baba, uniambie wewe, kabla sijasikia redioni. Kama siye, unirudishie nikampikie. Sina mzazi mwingine."

Inspekta alisema sawa. Hakupenda kuahidi, lakini neno lilikwisha kutoka.

Mzee Radi aliletwa kwenye chumba cha mahojiano akiwa amevaa kandambili za kituo. Jina la Radi alilipata enzi zake, alipokuwa mpigaji wa nje. Kazi ya ribiti ilitaka watu wawili: ribiti, kipande cha chuma chekundu kutoka tanurini, inapenyezwa kwenye tundu, mpigaji anaitwanga kwa nyundo upande wa nje, na mzuiaji anaikinga kwa chuma kizito upande wa ndani. Miaka michache ya kazi hiyo na masikio yanakwisha. Ilibidi Inspekta ainame kwenye sikio la kulia na kupiga kelele, hivi kwamba mahojiano ya siri yalisikika mpaka kwa muuza vocha nje ya geti.

"Mzee, nani alifunga kifuniko?"

"Mimi."

Sajini aliyekuwa anaandika aliinua kichwa.

"Wewe mwenyewe?"

"Boliti zote. Msimamizi akapita akasema kaza tena, wageni kesho. Nikakaza tena."

"Ulijua Kobe yumo?"

"Shati halikuwepo."

"Mzee, nimekuuliza kama ulijua."

"Na mimi nakujibu. Shati halikuwepo." Alimtazama Inspekta, akaona hajaelewa, akashusha pumzi. "Mzuiaji akitaka kuingia ndani, anavua shati lake analifunga kwenye mpini wa kifuniko. Shati likiwepo, mtu yumo. Huligusi. Likinyeshewa, linyeshewe. Anayelifungua ni mwenyewe, akishatoka. Sisi tulikuwa viziwi, mwanangu. Mtu akikuita ndani ya tangi utasikia nini? Kwa hiyo hatukuitana. Tuliangalia shati."

"Mtu mwingine akilitoa?"

"Nani?" Radi hakukasirika. Aliuliza kama aliyeambiwa kuna mtu anakula misumari. "Kuna mwaka wezi waliingia, wakabeba nguo zote chumba cha kubadilishia. Mashati ya vifunikoni wakayaacha. Nao walikuwa watu wa pale pale."

"Yeye hakuona giza lilipoingia?"

"Alikuwa chumba cha nyuma, anakagua ribiti kwa taa yake. Mpaka ajue, mimi nimeshamaliza."

"Alikuwa na chuma mkononi. Hakugonga?"

"Aligonga. Utakaaje humo bila kugonga? Lakini pale kugonga si kelele, ni kazi. Karakana nzima inagonga, zamu ya jioni imeshaingia. Pale kukinyamaza ndipo watu wanatoka nje kuuliza kuna nini."

Alisema hayo kwa sauti moja, bila kupanda wala kushuka. Inspekta alikuwa amehoji watu wengi waliolia, na aliwaelewa kwa urahisi. Huyu alimpa kazi.

"Ulimwoa mkewe."

"Baada ya watu kuchoka kumtafuta. Mimi nilichoka wa mwisho. Mama alikuwa na mtoto na jina baya, nikampa jina langu. Kupendana kulikuja polepole." Alitazama mlango. "Hilo ungeniuliza kwa sauti ya chini ningelijibu vizuri."

Sajini aliinamia karatasi kuficha tabasamu.

"Jioni ile ulirudi kwenye behewa," Inspekta alisema. "Msimamizi alikuona umeweka mkono kwenye tangi. Ulirudia nini?"

Mzee alipangusa goti la suruali yake.

"Ulirudia nini, mzee?"

"Sisikii."

Alirudia swali, sikio lile lile, sauti ile ile. Mtu aliyesikia maswali yote tangu mwanzo sasa alitikisa kichwa polepole, macho kwenye kandambili zake.

"Sisikii, mwanangu. Nirudisheni ndani."

Kwenye korido Sajini alisema, "Afande, hapo ndipo penyewe. Amejifunga."

"Amejifunga kwa nini? Ametuambia boliti zote alizikaza yeye. Mtu anayekupa kamba nzima halafu anakuficha kijiti?"

"Labda alilitoa shati yeye. Akalitupa ndani."

"Fikiria vizuri. Wewe ni Radi, unataka mwenzako afie humo. Shati unalijua maana yake. Utalitumbukiza tunduni, lidondoke kwenye ngazi, alione, ajue?"

"Ningelificha kwenye nguo zangu. Nikalichome nyumbani."

"Na kama Kobe angelitoa mwenyewe angelivaa. Aliyelitumbukiza mle hakujua ni kitu gani kile. Kwake lilikuwa tambara." Inspekta alichukua funguo za gari. "Nitafutie mtu aliyekuwa na ruhusa ya kupanda juu ya behewa lile na hajui maana ya shati. Wafanyakazi wote watoe."

Sajini alifikiri mpaka walipofika kwenye gari.

"Atabaki Bwana Mdogo," alisema.

*

Mwanzilishi wa kiwanda aliitwa Bwana Mkubwa, kwa hiyo mwanawe akawa Bwana Mdogo, na aliendelea kuwa Bwana Mdogo hata sasa alipokuwa mkurugenzi mstaafu wa kutembelea mkongojo. Sebule yake ilijaa mabehewa madogo ya shaba ndani ya makabati ya vioo. Alifurahi kupata wageni. Tangu kiwanda kiuzwe, watu waliomtembelea walikuwa mawakili.

"Baba alianza kama mhunzi," alisema kabla hajaulizwa. "Sufuria na majembe. Andika, kijana. Jembe lake lilikuwa zito, wakulima wakalalamika, akawaambia jembe jepesi ni kijiko. Kisha bawaba za milango. Kisha mgodi ukahitaji vitoroli vya kubebea mawe, navyo vinataka magurudumu, na ukishajua gurudumu la chuma kwenye reli, umebakiza nini? Behewa ni kitoroli kilichosoma."

Alicheka. Sajini naye akacheka kwa adabu.

"Wakubwa wa reli walikuwa wananunua mabehewa nje. Baba akawaambia, nipeni nafasi niwatengenezee moja. Wakamcheka. Mhunzi wa majembe! Basi karakana nzima ikafanya kazi behewa moja, tangi lile. Mimi ndiyo kwanza nimerudi masomoni. Nilikuta watu hodari, lakini uchafu, mama yangu, uchafu! Mafuta sakafuni, nyundo zimetupwa popote. Nikamwambia baba, hawa wageni hawatakagua ribiti, watakagua sakafu."

"Ukawasafishia," Inspekta alisema.

"Nilipita mwenyewe na leso nyeupe. Siku ya kuamkia ugeni, jioni, watu wanaosha mikono waondoke, nikapanda mpaka juu ya tangi. Ulizia, nilikuwa na miguu! Limeshapakwa rangi, linang'aa, na pale juu, kwenye mpini wa kifuniko, mtu kafunga shati lake la jasho. Behewa la kwanza la baba yangu! Wageni kesho!"

"Ukamwita mwenye shati?"

"Sikuwa mtu wa kutumatuma watu. Nililifungua kwa mkono wangu."

"Ukalipeleka wapi?"

"Nililitumbukiza tu."

"Wapi, mzee?"

"Si humo humo ndani ya..."

Ulimi hauna mfupa. Bwana Mdogo alibaki mdomo wazi, mkono wake bado unaonyesha namna alivyolitupa. Aliutazama mkono ule kama wa mtu mwingine, kisha akauweka mapajani.

"Lilikuwa tambara," alisema.

"Lilikuwa shati. Maana yake palikuwa na mtu ndani."

"Hakuna aliyeniambia."

"Miaka yote uliyoongoza kiwanda?"

"Nikifika karibu walikuwa wananyamaza." Alitafuta mkongojo wake, ukaanguka, Sajini akamwokotea. Alipousimamia, sauti yake ilikuwa imebadilika. "Nitampigia wakili wangu. Hicho alichoandika huyu kijana, mimi sijakisema."

Inspekta aliinuka. Alitegemea kwamba angemkasirikia, na hasira haikuja.

Wakili alikuwa na mwendo, simu yake iliwatangulia. Walipofika kituoni Mkuu alikuwa amesimama mlangoni kwake.

"Mtu mzima, kumbukumbu zimechanganyika, na mkikaa mbele ya hakimu atakana kila neno," Mkuu alisema. "Hata akikubali shati, haimtoi Radi. Radi alirudi kwenye tangi jioni ile. Kwa nini arudi kama hakujua? Nipe jibu la hilo, nitamfungulia mwenyewe. La sivyo, kesho kizimbani."

*

Mwanamke alikuwa bado kwenye benchi. Inspekta alikaa kando yake, akamweleza habari za shati, kwa maneno machache, na nani alilitupa. Yeye alisikiliza kama anayesomewa bei.

"Kwa hiyo siye," alisema.

"Mimi naamini siye. Hakimu hajui ninachoamini. Kuna jambo moja mzee anakataa kulijibu. Jioni ile wewe ulikuwa wapi?"

"Langoni. Kila siku nilikuwa nawasubiri langoni, nyumba yetu ilikuwa karibu. Mmoja ananishika mkono huu, mwingine huu."

"Nani alitoka?"

"Baba. Huyu. Akaniuliza, baba yako keshapita? Nikamwambia hapana. Akasema basi katokea mlango wa nyuma, ametangulia."

"Alikuwaje?"

"Kama siku zote. Amechoka."

"Mkaenda nyumbani."

"Hapana." Mwanamke alikunja uso kidogo, kama anayetafuta uzi kwenye tundu la sindano. "Nilimwambia bado yumo. Nilimwambia namsikia."

Inspekta aliona swali linalofuata, na aliona pia mahali linapoelekea. Angeweza kufunga daftari hapo. Kesho asubuhi ilikuwa karibu mno.

"Ulimsikiaje?"

"Alikuwa na namna yake ya kugonga. Hata mlango wa nyumbani aligonga hivyo." Aligonga benchi kwa kidole: mara mbili haraka, akasita, mara moja. "Wengine walikuwa wanatwanga tu. Yake niliijua. Nikamwambia Radi, si yule anagonga? Yeye akainama, akatega sikio, akasema mwanangu, mimi humu nasikia nyuki tu. Lakini akasema ngoja nikaangalie, pengine wamembakiza. Akarudi ndani."

"Akarudi kwenye behewa."

"Sijui alifika wapi. Alipotoka akasema kifuniko kimefungwa, shati halipo, na chuma chote humo kinatetemeka kwa kazi, huwezi kujua lolote. Akasema ni wengine hao, masikio ya watoto yanasikia wanachokipenda. Nikalia. Akanibeba mabegani mpaka nyumbani." Kidole chake kiligusa tena benchi. "Nyuma yetu kugonga kulikuwa kunaendelea."

Kwenye korido mtu alipita na ndoo ya kudekia. Wote wawili walinyanyua miguu, wakaishusha.

"Alikuwa yeye, sivyo?" mwanamke aliuliza.

"Ndiyo."

"Alikuwa anagonga hivyo ili nani asikie?"

Inspekta aliandika maelezo, akampa karatasi, mwanamke akaisoma yote bila haraka na kutia sahihi, herufi zake zimenyooka kama mshono.

"Nilidhani nitajisikia kitu," alisema akirudisha kalamu. "Labda kesho."

Mkuu aliisoma ile karatasi mara mbili, akaiweka juu ya maelezo ya msimamizi, akazilinganisha. Aliyerudi kwenye tangi alirudi kwa sababu mtoto alimtuma. Hapakubaki kitu cha kumpeleka nacho mzee kizimbani. Mkuu alitoa funguo kwenye droo.

"Lakini kwa nini hakusema mwenyewe?" Sajini aliuliza walipokuwa wakielekea mahabusu. "Sentensi moja tu. Angekuwa nyumbani tangu juzi."

"Amwambie nani kwamba mtoto alimsikia baba yake?" Inspekta alisema. "Maelezo yanasomwa mahakamani. Na mtoto angekuwa amekaa mstari wa mbele."

Sajini alifungua mlango.

Mzee Radi alitoka na kandambili zile zile. Alimwona binti yake mwisho wa korido, na kwa mara ya kwanza tangu akamatwe uso wake ulibadilika. Uliingia hofu. Alitembea haraka kuliko umri wake, akamshika mikono yote miwili, na kwa kuwa hakujua kunong'ona, aliuliza kwa sauti iliyojaza kituo kizima:

"Wamekuuliza nini? Umewaambia nini?"

Mwanamke alimtazama. Kisha alisogea karibu, akaweka mdomo kwenye sikio lake la kulia, na akasema polepole ili asikose hata neno.

"Siku ile siikumbuki vizuri, baba. Nimewaambia tu kwamba ulinibeba."